Kiapo cha Manjano

Haya, turudi bafuni, maana ndimo tulimomwacha mzee wetu kapigwa na butwaa, mkono mmoja umeshika kitasa, wa pili umeshika shuka lisimwanguke.

Mtu aliyekuwa amekaa ukingoni mwa hodhi alivaa aproni ya mpishi na kofia ya karatasi. Alikuwa anamenya karanga na kutupa maganda ndani ya hodhi la watu bila haya.

"Funga mlango, mzee," akasema. "Wataniona."

Mzee Kalakappa Mulimani aliitambua sauti kabla ya sura. Angeisahau vipi? Sauti hiyo ilimtukana kwenye vipaza sauti katika kampeni tano. Huyu alikuwa Rudragauda Bennur, mgombea wa upinzani wa Hirebidari, eneo la ubunge la mzee. Mara zote tano Kalakappa alimbwaga, na mara zote tano Rudragauda alikwenda nyumbani akisema ameibiwa.

"Wewe! Umeingiaje humu? Getini pamejaa polisi!"

"Polisi wanakagua magari ya wabunge. Gari la maziwa nani ana haja nalo? Sikiliza, mzee, mkishapanda basi la kwenda Bungeni sitakupata tena."

Ambaye hakuwa nasi ajue haya tu, kisha tukimbie. Serikali ya jimbo ilikuwa inayumba. Saa tano asubuhi hiyo ilikuwa ipigiwe kura ya imani, na ilikuwa inawazidi wapinzani kwa kichwa kimoja. Kwa hiyo chama tawala kikafanya yale yanayofanywa siku hizi: kikawazoa wabunge wake wote, kikawafungia kwenye hoteli ya starehe nje ya Bengaluru, makao makuu ya jimbo, kikawanyang'anya simu na kuwalisha kama maharusi, mradi wasinunuliwe. Halafu jana jioni, kando ya bwawa la kuogelea, mbele ya kamera za televisheni, kila mmoja alichota manjano kwenye sinia la shaba, akafumba ngumi na kuapa: nikiiacha serikali hii, taa ya nyumba yangu izimike.

Mzee Kalakappa ndiye aliyeapa wa kwanza, na kwa sauti kubwa kuliko wote.

"Unataka nini?" akauliza sasa.

"Nataka leo usimame na sisi."

Mzee akacheka mpaka shuka likalegea. "Niliingia Bunge hili masharubu yakiwa meusi. Nimeona wenzangu wakihama chama asubuhi na kurudi jioni, mimi sijawahi kusogea hata kiti. Leo nikufuate wewe, mpishi wa uongo?"

"Maji yenu yamekwenda, mzee."

"Maji gani?"

"Ya mtoni. Yale mabomba ya kuvuta maji hadi Hirebidari, uliyotuahidi tangu uchaguzi wa pili. Yale mliyoyawekea jiwe la msingi mara tatu, hata mbuzi wamepata pa kujikuna. Jana mradi wote umepewa Kotur. Mbunge wa Kotur alikuwa ananyemelea kwetu, wakamrudisha kwa bomba lako."

"Uongo!"

"Kamuulize huyo Waziri wenu, Prabhuswamy. Uongo wangu wote unaujua, mzee, umeusikia miaka mingi. Huu umo?"

Uongo wa Rudragauda aliujua kweli, na kila ulipokuja ulikuja na kelele. Huu ulikuja polepole, na mwenye kuusema alikuwa ameacha kumenya karanga.

"Simama na sisi," Rudragauda akasema. "Kiongozi wetu ameahidi, karatasi ya kwanza atakayosaini akiapishwa ni maji ya Hirebidari."

"Na mimi nikipinga amri ya chama, ubunge unanitoka siku hiyo hiyo. Sheria ndiyo hiyo. Uchaguzi mdogo unaitishwa, na mgombea ni nani? Ni wewe! Kumbe umekuja kunipora kiti chooni!"

"Ninakitaka," Rudragauda akasema, wala hakupepesa. "Nimekitaka tangu sijaoa. Lakini nikikalie mbele ya watu wenye kiu ili iwe nini? Wanirushie mawe mimi badala yako?"

Mzee alikuwa anatafuta ujanja ndani ya maneno yale, akaukuta umekaa wazi, umevaa aproni.

"Nimeshika manjano," akasema mwishowe, kwa sauti ya chini. "Girija yuko nyumbani, mimba yake ya kwanza, siku zimetimia. Nimesema taa ya nyumba yangu izimike. Nina taa gani nyingine?"

Girija alikuwa mwanawe wa pekee. Kama ilivyo desturi, alikuwa amerudi kwa mama yake kujifungua.

Rudragauda akaanza kutabasamu. Tabasamu likageuka kicheko, akaziba mdomo kwa kofia ya karatasi.

"Manjano gani? Mzee, nimekuwa jikoni tangu alfajiri. Wapishi wanavunjika mbavu! Hoteli ya wazungu hii, manjano walikuwa na kijiko kimoja. Watu wa Prabhuswamy wakamwaga unga wa dengu kwenye sinia, ule wa kukaangia bajia. Serikali nzima imeapa kwa bajia!"

Kwa muda mfupi mzee alijisikia mwepesi. Alitaka hata kumkumbatia adui yake. Unga wa dengu! Hana kiapo, hana deni, yuko huru.

Kisha akakumbuka jambo ambalo hakuwahi kulisimulia, na furaha ikamtoka.

Mtindo wa kuapisha wapiga kura kwa manjano, Hirebidari nzima inajua, ni yeye aliyeukoleza. Kila uchaguzi watu wake walipita nyumba kwa nyumba na sinia: shika, sema, kura yangu ni ya Mulimani. Mwaka mmoja manjano yaliwaishia katikati ya kitongoji. Dukani ulikuwapo unga wa dengu, wakatumia huo, na mmoja wao alipoingiwa na hofu Kalakappa mwenyewe alimwambia: kinachoapa ni kinywa, endelea. Kitongoji kile chote kilimpa kura. Wengine walimpa huku wakilia, maana mgombea mwingine alikuwa ndugu yao.

"Kinachoapa ni kinywa," akasema.

"Nini?"

"Sikiliza, Rudragauda. Unga uliowafunga wao hauwezi kunifungua mimi."

Mlango wa chumba ukagongwa. Rudragauda akaruka nyuma ya pazia la hodhi, na mzee akatoka bafuni akifunga shuka lake upya.

Aliyeingia, bila kusubiri kukaribishwa, alikuwa Waziri Prabhuswamy. Ndiye aliyewekwa kuwachunga wabunge: mtu laini, mwenye saa kubwa mkononi na sauti ya kubembeleza watoto.

"Kaka Kalakappa! Hujavaa? Basi linawashwa."

"Ni kweli maji yangu yamekwenda Kotur?"

Prabhuswamy akaitazama saa yake. "Nani amekuambia?"

"Ni kweli au si kweli?"

"Ni kweli, kaka."

Hakuona hata haja ya kudanganya. Mzee akashika ncha ya kitanda, akakaa.

"Kwa nini yangu? Mbona hamkuchukua ya mwingine?"

"Kwa sababu wewe huhami," Prabhuswamy akasema kwa upole, kama anayesifu. "Ningempa nani, kaka? Bangili hununuliwa mke anayefungasha virago. Aliyetulia jikoni anaambiwa, mama, subiri mwakani. Na wewe ni mtu wa kusubiri, ndiyo maana tunakupenda."

Maneno yale yalimchoma mzee kuliko matusi ya kampeni zote tano. Maisha yake yote aliwaambia watu wa Hirebidari kwamba uaminifu utawalipa. Kumbe uaminifu wake ndio uliowaponza.

"Na juu ya hayo umeapa," Prabhuswamy akaongeza. "Jimbo zima limekuona." Akasita, akanusa hewani. "Kuna mtu anakula karanga humu?"

Nyuma ya pazia palikuwa kimya. Mzee angetamka neno moja tu, adui yake wa miaka yote angetolewa amefungwa kwa aproni yake mwenyewe, mbele ya kamera. Angelala akicheka mwezi mzima.

"Mimi," akasema.

"Kwa meno hayo?"

"Nazinyonya. Una shida na hilo pia?"

Prabhuswamy akacheka, akamshika bega. "Basi vaa. Na ukishuka, pitia getini. Mkeo yupo, amekuja na wanawake na mitungi mitupu. Kamera zimewazunguka. Watulize, kaka. Waambie maji yako njiani."

Akatoka. Pazia likasogea, na Rudragauda akachungulia, jasho linamtiririka.

"Umeniokoa," akanong'ona.

"Nilitaka nikutukane mwenyewe," mzee akajibu. "Tokomea na maziwa yako."

Getini jua lilikuwa limeanza kuuma. Wanawake wa Hirebidari walikuwa wameketi chini kwenye lami, kila mmoja na mtungi wake ameupindua mdomo chini. Nyuma yao, ndani ya uzio, maji ya kumwagilia majani yalikuwa yanarushwa hewani na mashine, yanazunguka na kuzunguka. Hakuna aliyekuwa anaitazama kamera. Walikuwa wanayatazama maji.

Gangavva alisimama alipomwona mumewe. Maishani mwake hakuwahi kumtaja jina, na hakuanza siku hiyo.

"Baba Girija," akasema, "simu yako iko wapi?"

"Wametunyang'anya. Girija hajambo?"

"Amejifungua juzi. Msichana."

Mzee akafungua mdomo, machozi yakamtangulia. Akamgeukia polisi wa getini, mtu asiyemjua kabisa. "Nimepata mjukuu!" akamwambia. Polisi akampongeza.

"Usifurahi sana, nimalizie," Gangavva akasema. "Gari la maji halijafika wiki nzima. Mzazi anataka kukandwa, mtoto anataka kuogeshwa, sina hata kopo. Nikatoka na mtungi wangu kama ombaomba, mke wa mbunge. Unajua watu walifanya nini?"

"Walifanya nini?"

"Kila nyumba ilileta maji yake ya kunywa. Wakayamimina kwenye pipa letu. Watu wamelala na kiu ili mwanao aoge. Hakuna aliyesema neno, hata wale tusiosalimiana. Ndipo nikapanda treni. Nataka kujua maji yanakuja lini, na usiniambie yako njiani."

Angeweza kumdanganya, kamera zilikuwa karibu na Prabhuswamy alikuwa amesimama kwenye ngazi akitabasamu. Alidanganya watu wengi pale Hirebidari, msomaji, tusimpake rangi. Lakini Gangavva alikuwa amechoka, vumbi la treni bado liko kwenye nyusi zake, na ulimi wa mzee ukagoma.

"Hayaji," akasema kwa sauti ya chini. "Wamewapa Kotur."

Gangavva hakupiga kelele. Alivuta ukingo wa sari yake, akajifuta uso wote, taratibu.

"Na wewe utasimama uwapigie kura?"

"Nimeapa, mama Girija. Nimeshika manjano. Nimesema taa ya nyumba yangu..."

"Nimeona. Hirebidari nzima iliona, televisheni ilikuwa kwenye kibanda cha chai." Akamsogelea. "Nyumba yangu, ulisema. Ile nyumba ni yako peke yako? Nani amelala ndani yake miaka yote hii wewe ukiwa huku? Umeiweka rehani kwa Prabhuswamy, mwanangu na mjukuu wangu wamo ndani, hukuniuliza!"

"Nilikuwa nasema tu. Kila mtu alisema."

"Wewe husemi tu. Wewe ndiye uliyetufundisha kuyaogopa yale manjano."

Mzee akainamisha kichwa.

"Naogopa, mama Girija," akasema. "Naogopa kweli. Nikivunja, ikatokea chochote kwa yule mtoto..."

"Mimi naogopa pia. Lakini kama yuko mungu anayemuua mtoto mchanga kwa sababu babu yake ameleta maji, mimi sitamwashia tena taa." Akainama, akauinua mtungi wake mtupu, akamwekea mikononi. "Sikuapishi. Umetuapisha vya kutosha. Ushike tu uone ulivyo mwepesi, kisha nenda kwenye basi lako."

Basi lilikuwa linapiga honi. Mzee akamrudishia mtungi akaondoka, na kila hatua alitaka kugeuka. Prabhuswamy akamsindikiza hadi kitini.

"Umewatuliza?"

"Nimewaambia ukweli," mzee akasema.

"Vizuri sana," Prabhuswamy akajibu, akaanza kuhesabu vichwa.

Bungeni hapakuwa na pa kuweka mguu. Waandishi walijazana juu kama njiwa. Mzee Kalakappa akakaa kwenye kiti chake cha safu ya tatu, kile kile ambacho mbao yake ilikuwa imeshika umbo la mwili wake. Alikigusa kwa kiganja. Alijua kiti kile kinalia upande gani. Akaona huruma ajabu, kama anaaga mnyama wa kufugwa.

Hotuba zilipigwa, matusi yalipigwa, vitabu vya kanuni vilirushwa. Sisi tunayaruka hayo, hata wenyewe hawakuyasikiliza.

Spika, mzee mwenzake aliyeingia naye Bunge mwaka mmoja, akagonga nyundo. "Tutahesabu kwa kusimama, safu kwa safu. Wanaounga mkono serikali, wasimame."

Safu ya kwanza ikasimama. Karani akahesabu kwa kidole. Safu ya pili ikasimama. Safu ya tatu ikasimama pia, ila mtu mmoja.

Karani akafika pale, kidole kikabaki hewani.

Mnong'ono ukaanza, ukapanda hadi juu kwa waandishi. Spika akavuta miwani puani.

"Mheshimiwa wa Hirebidari," akaita kwa upole, "ni magoti? Sisi wazee tunajuana. Chukua muda wako, karani atasubiri."

Watu wakacheka kwa shukrani. Spika alikuwa amemfungulia mlango mpana wa heshima: ainuke polepole, ashike kiuno, kila mtu asahau.

"Magoti mazima, Mheshimiwa Spika," mzee akasema. "Aendelee kuhesabu."

Hakuna aliyecheka tena.

Prabhuswamy alikuwa ameshamfikia kabla safu ya nne haijakaa. Akachuchumaa kando ya kiti, mdomo sikioni, jasho linamtoka kwa mara ya kwanza tangu tuanze kumfahamu.

"Kaka, kaa hivyo hivyo. Nakusihi. Umekasirika, una haki. Bila wewe kura zinalingana, na zikilingana Spika ndiye anayeamua, naye ni wetu. Kaa tu! Nitasema uliugua, kiti chako hakiguswi. Na hutakuwa umesimama na maadui. Kiapo chako kizima, mtoto wako mzima. Umenielewa? Huhitaji kufanya chochote."

Hili, msomaji, ndilo lililokuwa gumu. Kukaa. Hakuna kazi aliyoiweza mzee zaidi ya hiyo. Kiti kingebaki chake, manjano yangebaki salama, na maji yangekwenda Kotur kimya kimya. Hirebidari wangeambiwa wasubiri mwakani, nao wangesubiri, maana wamezoea. Alijaribu kuufikiria uso wa mjukuu ambao hajauona, akashindwa. Alichokiona ni majirani zake kwenye foleni, kila mtu na maji yake ya kunywa, wanamimina kwenye pipa la mtu mwingine na kurudi kulala.

"Wanaopinga serikali," Spika akasema, "wasimame."

Upande wa pili ukainuka wote kwa kishindo. Karani akaanza kuhesabu.

Mzee Kalakappa Mulimani akaweka mikono miwili juu ya meza na kusimama.

"Kaka, keti!" Prabhuswamy akamvuta shuka lake la Bungeni. "Keti! Umeapa! Keti!"

"Niachie nguo, kijana," mzee akasema, "utanivua mbele ya jimbo zima."

Kidole cha karani kikavuka ukumbi, kikamwelekea yeye, kikamhesabu.

Serikali ikaanguka kwa kichwa kimoja.

Yaliyofuata yalikuwa vurugu tupu. Huku wanabebana, kule wanamwita msaliti, mwingine kampiga na karatasi iliyokunjwa. Mlangoni Prabhuswamy alikuwa anamsubiri na bahasha ya simu. Uso wake wa upole ulikuwa umeanguka, na chini yake palikuwa na mtu mwingine kabisa.

"Chukua simu yako uende zako," akasema. "Nilikuwa nadhani wewe ni mjinga mwema. Kumbe mjinga tu."

Nje ya ukumbi Rudragauda akaja mbio, bila aproni, na shada la maua ya manjano mkononi. Bila kuuliza akamvisha mzee shingoni. Alikuwa analia waziwazi, yule mtu wa kelele.

"Kiongozi wetu ameniambia tena kwa kinywa chake, mzee! Akiapishwa tu, anasaini! Twende Hirebidari leo leo, mimi na wewe gari moja. Niache nipoteze uchaguzi mara ya sita, sijali. Watatubeba mabegani!"

Mzee alitaka kumjibu, lakini simu ilikuwa imeanza kulia mkononi mwake. Jina la Girija liliwaka kwenye kioo. Akaiweka sikioni akitabasamu, akaziba sikio la pili kwa kiganja.

"Mwanangu! Nimesikia! Anafanana na nani? Niambie, anafanana na..."

"Baba, usije nyumbani."

Sauti ya Girija ilikuwa ya kunong'ona. Nyuma yake mtoto alikuwa analia, na nyuma ya mtoto palikuwa na makelele ya watu wengi.

"Nini? Sikusikii."

"Usije. Wamekuona kwenye televisheni ulivyosimama. Wameingia uani, wamelipindua pipa. Maji yote chini, Baba. Wanasema aliyevunja manjano hapewi maji, wala nyumba yake, wala mtoto wake."

Tabasamu likabaki usoni pa mzee, maana alikuwa amesahau kuliondoa. Rudragauda alikuwa anamvuta mkono kuelekea garini.

"Umewaambia nimewaletea maji? Waambie, Girija! Ni watu gani hao? Ni wa Kotur? Ni watu wa Prabhuswamy?"

Kitu kikapiga mlango upande wa Girija, kikapiga tena.

"Hapana, Baba," akasema. "Ni watu wetu."